Piano ya zamani ya kusimama, A inasoma 411 Hz: ina umri gani, na inaweza kupandishwa hadi 440?

kinanda_pwani

Habari zenu wakuu. Naomba msaada wa wanaozijua ala hizi kwa undani.

Kuna piano ya kusimama kwenye ukumbi wa parokia, Tanga. Jina lililokuwa juu ya vibao limefutika, limebaki neno London tu. Ina vibao 85, si 88. Ukitoa ubao wa mbele unaona nyuzi zote zimeshuka wima, hazipishani. Dampa, vile vidude vya kuzima sauti, ziko juu ya nyundo, na mbele ya nyundo kuna safu ya nyaya nyembamba zilizosimama kama vijiti vya tundu la ndege. Fremu ya chuma ipo chini na katikati, lakini pale juu penye vigingi vya kukazia nyuzi ni mbao tupu. Vibao vyeupe vina mstari mwembamba unaovikata kwa upana, usawa wa pale vibao vyeusi vinapoanzia.

Programu ya simu inasoma A iliyo juu ya C ya katikati kuwa 411 Hz, yaani mitikisiko 411 kwa sekunde, wakati kipimo cha leo ni 440. Nyuzi zina kutu ya juujuu, hakuna uliokatika. Kwaya inatumia pia kinanda cha umeme, na wangependa viwili hivi vipigwe pamoja.

Ina umri gani? Je, piano za zamani zilitengenezwa kwa sauti ya chini tangu mwanzo? Na ikipandishwa hadi 440 itahimili?

fundi_nyuzi

Mkuu, umeeleza vizuri. Hata bila jina la kiwanda, piano hii inajieleza yenyewe. Nianze na swali la umri, na ili jibu lieleweke inabidi turudi nyuma kidogo.

Piano ya kwanza ilitengenezwa Florence, Italia, na Bartolomeo Cristofori, fundi wa ala aliyekuwa akimtumikia Ferdinando de' Medici, mwana wa mtawala wa Tuscany. Orodha ya ala za ikulu ya mwaka 1700 tayari inaitaja. Kabla yake kulikuwa na hapsikodi, ambayo uzi wake unadonolewa na kipande cha unyoya: ubonyeze kwa nguvu au polepole, sauti ni ileile. Kulikuwa na klavikodi pia, ambayo kipande cha madini kinaugusa uzi na kubaki pale mpaka uachie kidole. Hiyo inasikiliza mkono wako, lakini sauti yake ni ndogo mno, haitoki nje ya chumba. Cristofori alitaka vyote viwili, nguvu na utii. Jibu lake lilikuwa kuirusha nyundo badala ya kuisukuma mpaka mwisho. Nyundo ikikaribia kuufikia uzi, kile kijiti kinachoisukuma kinachomoka. Inamalizia safari peke yake kwa kasi uliyoipa, inapiga, inarudi, inadakwa. Kijiti kile kisipochomoka, nyundo inabanwa kwenye uzi na sauti inakufa papo hapo. Mpaka leo, ukikuta piano inatoa sauti ya "tup" bila mwangwi, mahali pa kwanza pa kuangalia ni hapo.

Piano zake tatu bado zipo: ya 1720 iko New York, ya 1722 iko Roma, ya 1726 iko Leipzig. Ile ya New York ina vibao 54. Hazina fremu ya chuma. Mbao peke yake ndizo zinazobeba nyuzi, nazo nyuzi ni nyembamba, kwa hiyo sauti yake ni ya sebuleni.

Baada yake kila kizazi kilitaka sauti kubwa zaidi na oktavi nyingi zaidi. Piano alizopigia Mozart zilikuwa za oktavi 5. Kufikia 1794 Broadwood wa London alikuwa ameshafika oktavi 6. Sauti kubwa inataka uzi mnene, uzi mnene unataka mvutano mkubwa, na mbao zikaanza kupinda. Ndipo chuma kikaingia. Alpheus Babcock wa Boston alipata hataza mwaka 1825 ya fremu ya kipande kimoja cha chuma cha kusubu, kwa piano za mraba. Jonas Chickering, wa Boston vilevile, akaifikisha kwenye piano kubwa za kulala mwaka 1843. Mwaka 1859 Steinway wa New York akaongeza jambo la pili: nyuzi za besi zipite kwa mshazari juu ya zile nyingine. Hapo unapata uzi mrefu zaidi ndani ya sanduku lilelile, na daraja la besi (ule ubao mwembamba ambao nyuzi za besi hupita juu yake) linasogea kuelekea katikati ya ubao wa sauti, ule mpana unaokuza sauti ya nyuzi, mahali ambapo ubao unacheza kwa uhuru zaidi. Mwaka 1867 kwenye maonyesho ya Paris viwanda vya Steinway na Chickering vikatoka na medali za dhahabu, na Wajerumani wakaufuata mtindo huo haraka.

London haikufuata haraka. Warsha nyingi za piano za bei nafuu ziliendelea na nyuzi za wima, fremu ya nusu chuma na dampa za juu mpaka karne ya 20 ilipokuwa imeshaanza. Hiyo ndiyo familia ya piano yako. Ningeiweka kati ya 1880 na Vita Kuu ya Kwanza, au miaka michache baada yake. Vibao 85 vinakubaliana na hilo: ni oktavi 7 kamili, A mpaka A. Vile vitatu vya juu vinavyofikisha C viliongezwa baadaye, na muda mrefu 85 na 88 zilitengenezwa sambamba.

Ukitaka mwaka wenyewe, tafuta namba iliyogongwa juu ya ubao wa vigingi, kwenye chuma, au nyuma kwenye ubao wa sauti. Kisha chomoa kibao cha kwanza na cha mwisho, uangalie ubavuni. Mafundi wa zamani walikuwa na desturi ya kuandika hapo kwa penseli, wengine jina na tarehe.

Jambo moja kuhusu dampa za juu, ili usije ukalipa pesa ya bure. Kwenye piano za baadaye dampa hukaa chini ya nyundo, mahali ambapo uzi unatikisika kwa upana, hivyo zinazima kabisa. Zikiwa juu zinaugusa uzi karibu na mwisho wake, ambapo hautikisiki sana. Sauti itabaki ikining'inia kidogo hata felti, vile vitambaa vinene vya sufu, zikiwa mpya. Huo ni muundo wake, usimlaumu fundi.

sauti_ya_tatu

Swali la pili ni rahisi. Piano za zamani zilitengenezwa kwa sauti ya chini, 415 au 435. Iacheni hapo ilipo, ndiyo sauti yake ya asili.

msoma_ala

Ndugu sauti_ya_tatu, hapo hapana, na nitaeleza kwa sababu kosa hili linasambaa sana.

415 ni kipimo walichokubaliana wapigaji wa siku hizi kwa ajili ya muziki wa karne ya 17 na 18, kwa sababu ni nusu toni kamili chini ya 440. Hakikuwa kipimo cha viwanda vya piano. 435 ni sheria ya Ufaransa ya mwaka 1859, na baadaye nchi nyingine za Ulaya zikaikubali. London ilikuwa na yake. Nusu ya pili ya karne ya 19 kipimo cha matamasha ya huko kilipanda mpaka karibu 452, juu ya hiki cha leo! Waimbaji walilalamika, na mwaka 1896 kikashushwa hadi 439. Hii 440 tuliyonayo ilikubaliwa kwenye mkutano wa kimataifa uliofanyika London mwaka 1939.

Kwa hiyo piano ya London iliyotengenezwa kabla ya 1896 huenda ilivutwa zaidi ya 440 ilipokuwa mpya. 411 si sauti yake ya asili. Imelegea kwa miaka mingi ya kutotuniwa.

Lakini tusivuke upande wa pili tukasema "basi inaweza, tuipandishe." Chuma kilichobeba mvutano huo kilikuwa kipya, gundi ya ngozi ilikuwa mbichi, nyuzi hazikuwa na kutu. Uwezo wa mwaka 1890 si uwezo wa leo.

mwana_ala

Niongeze kuhusu ule mstari kwenye vibao vyeupe, maana hakuna aliyeugusa.

Hiyo ni pembe ya ndovu. Ilibandikwa vipande viwili kwa kila kibao: kichwa kipana mbele na mkia mwembamba unaopita kati ya vibao vyeusi. Mstari ni mahali vipande vinapokutana. Vibao vya seluloidi, ile plastiki ya kizamani, kwa kawaida huwa kipande kimoja, bila kiungo. Angalia pia kwa mwanga wa pembeni: pembe ina mistari ya asili isiyojirudia sawasawa, wakati seluloidi ni laini tupu au ina mistari iliyonyooka mno. Usijaribu kwa kiberiti wala sindano ya moto kama wengine wanavyoshauri, seluloidi inashika moto haraka sana.

Na hapa historia ya piano inatuhusu sisi wenyewe. Karne ya 19 Zanzibar ilikuwa soko kubwa la pembe za ndovu. Pembe zilitoka bara, Ujiji na Tabora na ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, zikabebwa mabegani mwa watu, wapagazi na watumwa, mpaka Bagamoyo, kisha zikavushwa. Sehemu kubwa ilikwenda Connecticut, Marekani, kwenye miji ya Deep River na Ivoryton, ambayo kazi yake kuu ilikuwa kukata vibao vya piano. Pembe ya Afrika Mashariki ilipendwa kwa sababu ni laini, inakatika vipande vyembamba bila kupasuka. Vilipaushwa kwa jua kwenye nyumba ndefu za vioo. Piano ya vibao 88 ina vyeupe 52, kwa hiyo vipande 104; hii yenu ya 85 ina vyeupe 50, vipande 100. Mtu akisema piano ni ala ya Ulaya na Marekani, ukweli ni kwamba vidole vya huko viligusa mizigo iliyobebwa na watu wa huku.

Vile vyeusi wengi hudhani ni mpingo wetu. Kwa kawaida ni ebony, mti mwingine mweusi usio wa jamii moja na mpingo, au mti wa kawaida uliopakwa rangi. Mpingo umekwenda zaidi kwenye klarineti na obo.

Matunzo: kitambaa chenye unyevu kidogo, kisha kikavu mara moja. Maji yakiingia chini ya kipande, gundi inaachia. Usitumie dawa ya kupausha. Pembe hugeuka manjano inapofungiwa gizani, kwa hiyo acha kifuniko wazi mchana, ila si kwenye jua kali la moja kwa moja. Kipande kikibanduka, kihifadhi. Biashara ya kimataifa ya pembe ilipigwa marufuku mwaka 1989 na CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, kwa hiyo hutapata mbadala dukani, na kuivusha piano hii mpakani kutataka vibali.

fundi_nyuzi

Asante msoma_ala na mwana_ala. Sasa swali la tatu, lile lenye hatari.

Mkuu kinanda_pwani, 411 ni senti 118 chini ya 440, yaani nusu toni na zaidi kidogo (nusu toni ni senti 100). Mvutano wa uzi hupanda kwa mraba wa sauti. Gawa 440 kwa 411, zidisha jibu kwa lenyewe: unapata 1.146. Maana yake kila uzi utaongezewa mvutano karibu asilimia 15. Tukikadiria kwamba fremu inabeba tani 14 sasa, unaiongezea tani 2 nyingine, kwenye mbao ambazo zimepumzika kwa miongo. Uzi kukatika ndilo tatizo dogo. Kubwa ni ubao wa vigingi kuachana na mgongo wa piano, au fremu kupasuka. Hapo huna tena piano.

Kagua kwanza, kabla ya kugusa kigingi chochote. Fungua kifuniko cha juu, utazame kwa tochi pale ubao wa vigingi unapokutana na nguzo za nyuma. Jaribu kupitisha karatasi. Ikipita, usipandishe hata kidogo mpaka paungwe upya kwa gundi na bolti. Tazama nyufa ndogo zinazounga kigingi kimoja na kingine. Tazama madaraja, hasa la besi na kipande cha juu kabisa: vile vipini vidogo vinavyoshikilia nyuzi vikiwa vimepasua mbao, sauti itakuwa na mlio wa nyuki. Pitisha macho kwenye kila mhimili wa fremu ya chuma.

Kisha vigingi. Piano nyingi za Kiingereza za zamani zina vigingi vyenye kichwa cha mstatili, si cha mraba, kwa hiyo spana ya kutuni iwe na mdomo unaolingana. Ukilazimisha spana ya kawaida unakula kona na kigingi hakishikiki tena. Kigingi kizima kinakataa kidogo, unahisi kinasogea kwa nguvu na kubaki ulipokiacha. Kinachozunguka kama kijiko kwenye uji hakitashika sauti hata wiki moja. Hesabu vilivyolegea na uniambie.

Na tafadhali, usipulizie mafuta ya aina yoyote kwenye vigingi. Yakiingia kwenye mbao, ubao huo haufai tena.

kinanda_pwani

Nashukuruni sana. Ukaguzi umefanyika. Karatasi haipiti popote. Chuma hakina ufa. Daraja la besi lina ufa mmoja mfupi kama sentimita 2. Vigingi vilivyolegea ni 9, vyote upande wa sauti za juu. Ubavuni mwa kibao cha kwanza kuna maandishi ya penseli, yanasomeka "1904".

Swali la nyongeza: ukirudia sauti moja harakaharaka, nyundo nyingine zinachelewa kurudi.

fundi_nyuzi

1904, basi ilitengenezwa kipimo cha London kikiwa kimeshashushwa hadi 439.

Pendekezo langu ni hili: usiende 440. Ipeleke 415.3, ambayo ni nusu toni kamili chini. Kutoka 411 ni senti 18 tu, mvutano unaongezeka asilimia 2, na piano hii itaubeba. Kinanda cha umeme kina kitufe cha kuhamisha sauti. Kiwekwe -1 na viwili vitalingana. Kwaya itaimba nusu toni chini, hakuna atakayeumia koo. Tatizo litakuwepo siku mkileta tarumbeta tu.

Kabla ya kupandisha uzi wowote, ushushe kwanza kidogo, mpaka usikie sauti imelegea. Kutu huugandisha uzi pale unapokunja kwenye chuma. Ukianza kwa kuvuta, sehemu ya juu inabeba nguvu yote na kukatika. Ukishusha kwanza, unabandua ile kutu.

Pitia piano nzima haraka mara ya kwanza bila kutafuta usafi. Ukivuta nyuzi za baadaye, ubao wa sauti unakandamizwa na zile za kwanza zinashuka, kwa hiyo sehemu ya katikati ivuke lengo kwa senti 4 au 5. Zile za besi zilizozungushiwa shaba usizivushe, ndizo ngumu kupata. Ukikata moja, hifadhi vipande vyote, mtengenezaji atahitaji kupima urefu na unene wake. Subiri wiki 2, pitia tena. Mara ya tatu ndiyo ya kutuni kwa makini.

Kwa kuzima nyuzi jirani, kabari za kawaida zitakusumbua kwa sababu ya lile tundu la ndege, zile nyaya zilizo mbele ya nyundo. Tumia kibanio cha plastiki kinachojitanua, ukipitishe kati ya mikono ya nyundo. Ukipanga oktavi ya katikati, kila tano (umbali wa noti tano, kama C mpaka G) iwe nyembamba kwa senti 2. Kipimo cha kujihakiki: F na A zilizo chini ya C ya katikati zikipigwa pamoja zinatikisika karibu mara 7 kwa sekunde kwenye 440, kwenu ni kama 6.5.

Vile vigingi 9: kama kuna nafasi kati ya mzunguko wa uzi na mbao, kigonge ndani milimita 2 kwa nyundo na kisimamizi chake, mbao zikiwa zimeegemezwa kwa nyuma. Kisiposhika, weka kinene zaidi kwa saizi moja. Usiruke saizi mbili, utapasua ubao.

Ule ufa wa daraja unywesheni gundi nyembamba ya epoksi baada ya kulegeza nyuzi zinazopita juu yake. Siku moja ya kukauka, kisha endeleeni.

msoma_ala

Kuhusu nyundo zinazochelewa: kwenye piano ya kulala nyundo inarudi kwa uzito wake, na tangu mtambo wa kurudia wa Sébastien Érard ulipopata hataza mwaka 1821, unaweza kupiga tena kabla kibao hakijarudi juu kabisa. Piano ya kusimama haina hilo. Nyundo inakwenda mbele kwa ulalo, haina uzito wa kuirudisha, inategemea springi na kile kitepe chembamba cha kitambaa kinachoivuta. Kitepe hicho ni kazi ya Robert Wornum, wa London pia. Tazama kama vitepe vimekatika au vimeliwa na nondo. Vinabadilishwa kimoja kimoja, urefu ukiwa sawa na wa jirani: kikiwa kifupi nyundo haifiki kwenye uzi, kikiwa kirefu hakivuti.

Vitepe vikiwa vizima, basi ni unyevu. Tanga mnajua hewa yake. Felti ndogo iliyo ndani ya kila tundu la mhimili huvimba na kuukaba. Usipake mafuta. Kausheni kwanza: fimbo ya joto ya wati 15 hadi 25 chini ndani ya sanduku, mbali na mbao na pedali, iwake usiku na mchana. Kuwasha leo na kuzima kesho ni kubaya kuliko kutowasha, kwa sababu mbao zitavimba na kunywea kila mara na vigingi ndivyo vitakavyolegea. Muiweke fimbo hiyo wiki 3 kabla ya kutuni mara ya kwanza, si baada.